Jiko la Kiganjani

Kila Jumamosi asubuhi, kabla sijapata hata mteja mmoja wa kuniudhi, Mwalimu alikuwa ameshafika bandani kwangu pale Ng'ambo, hapa Tabora mjini. Hakupiga hodi kama watu wengine. Alisimama mlangoni akasafisha koo mpaka nikainuka. Nikimwamkia shikamoo, aliitikia marahaba huku macho yake yakitembea juu ya meza yangu ya kazi kutafuta vumbi. Akilipata, na alilipata daima, alilipangusa kwa kidole, akanionyesha hicho kidole, ndipo akakaa. Halafu alifungua kapu lake, akatoa kitu kilichofungwa kwenye kitambaa cheupe cha kufuma, vile vya kufunikia makochi, akakiweka mbele yangu taratibu.

"Nimekuletea jiko," alisema. "Angalia kama wamebadilisha mtaala."

Jiko lenyewe lilikuwa mashine ya gemu, zile ndogo za kushika mkononi, kioo katikati na vitufe pembeni. Ndani yake mlikuwa na gemu moja tu aliyoijali. Mnapika watu wawili, kila mmoja na mashine yake, hata kama mmoja yuko Tabora na mwingine yuko Dar es Salaam. Oda zinaingia juu ya kioo, supu, samaki, baga, nanyi mnahangaika humo jikoni, huyu anakata vitunguu, yule anaosha sahani, sufuria linachemka na muda unakwisha. Na mtaala ndio ule ambao sisi mafundi tunauita apdeti. Waliotengeneza gemu hawatulii. Leo wameongeza jiko jipya, kesho wamerekebisha hiki, keshokutwa kile. Mashine moja ikipata toleo jipya na nyingine ikabaki na la zamani, haziingii tena jiko moja. Inakuja sentensi moja kavu kwamba matoleo hayalingani, basi, kila mtu anabaki kwao.

Kazi yangu kwa Mwalimu ilikuwa hiyo tu, kuhakikisha jiko lake haliachwi nyuma. Nasema mapema ili usije ukanitegemea bure: kazi hiyo ilinishinda.

Simtaji jina kwa sababu sijui nani alilitumia. Mtaa wake wote wa Mtendeni, kuanzia wauza mkaa mpaka mchungaji wake, walimwita Mwalimu, ingawa alistaafu zamani na walimu wengine wapo tele. Alifundisha upishi na usafi wa nyumba. Ukikuta mwanamke wa makamo Tabora anafuta mfuniko wa sufuria kabla ya kuufunua, jua huyo amepita mikononi mwake. Mimi pia nilipita, nikafeli. Siku ya mtihani niliunguza maandazi, na tangu siku hiyo hakuna jambo jema nililolifanya ambalo hakulipima kwa maandazi yale. Nilipofungua banda, mwanamke wa kwanza fundi simu mtaa ule, watu walikuja kunishangaa na wengine kunicheka. Mwalimu alikuja, akatazama bisibisi zangu, akasema, "Afadhali. Hizi haziungui."

Alikuwa na alama zake, na alizitoa kwa kila kitu. Mbaya. Wastani. Inaridhisha. Ubwabwa wa harusi ya mtoto wa jirani, uliopikwa na wapishi wa kukodi na watu wakajilamba vidole, aliupa wastani. Mahubiri ya mgeni kutoka Sikonge, wastani. Mvua ya mwaka ule karanga zake za Kwihara zilipostawi vizuri, inaridhisha. Zaidi ya hapo hakwenda, na sisi tuliopita kwake tukisikia inaridhisha tulikuwa tunatembea tumeinua vichwa wiki nzima.

Sasa niseme jambo ambalo mtaa mzima unalijua na hakuna aliyewahi kulitamka mbele yake. Mwalimu hakujua kupika. Alijua kupima, kuosha, kufunika, kupanga meza, uma kushoto kisu kulia, lakini chakula chake kilikuwa safi tu, hakina kingine. Matobolwa, yale mapande ya viazi vitamu vilivyochemshwa na kuanikwa, ambayo hata mtoto akiyachemsha na karanga yanalika, kwake yalitoka kama yameoshwa na utamu wake. Alikuwa ananiletea kwenye kontena kama shukrani ya kazi, na anakaa kunitazama nikila. Nilikula yote. Nani angethubutu kubakisha?

Usidhani alikuwa mtu wa kale. Alipanda baiskeli wakati wanawake wenzake wanaona aibu. Aliwaambia wasichana darasani wale firigisi na mayai, waache hadithi za kwamba ni chakula cha wanaume, na wazazi waliokuja kulalamika aliwakalisha chini akawafundisha na wao. Kwenye vikao vya ukoo alikuwa anawapinga wazee mpaka wanamwomba apumzike. Lakini kwenye jambo moja alikuwa mgumu kuliko bibi yake, nalo ni ukwe. Wanyamwezi wengi wa mjini sasa wamelegeza. Utawaona mama na mume wa binti yake wanapanda gari moja, wanakula meza moja, wanacheka. Mwalimu, hapana. Mkwe wake akija, yeye anatokea mlango wa nyuma. Hawakupeana mkono, hawakutazamana usoni, hawakula mahali pamoja, na jikoni kwake mkwe hakukanyaga. Wakiwa na neno, wanampa mtu wa tatu alifikishe, hata kama wote wawili wanasikia.

"Ni heshima," aliniambia nilipomchokoza. "Nikimzoea mkwe, nitamheshimu nani? Wewe uliyeunguza maandazi?"

Binti yake alikuwa mmoja tu, mcheshi, mchafu jikoni kwa makusudi ili amkasirishe mama yake. Aliolewa na kijana wa Nzega, wakahamia Dar kikazi. Huko ndiko walikonunua hizo mashine mbili, moja ya mke, moja ya mume, kwa sababu mume alikuwa anasafirishwa mikoani na walitaka hata akiwa mbali wapike pamoja. Halafu binti akaugua. Sitaki kusimulia ule ugonjwa. Tulimzika hapa Tabora, na baada ya kuanua tanga likaletwa begi lake. Nguo ziligawiwa kwa ndugu kama desturi. Ile mashine hakuna aliyeitaka, kwa sababu hakuna aliyejua ni nini. Mwalimu akaifunga kwenye kitambaa cha kochi akaniletea.

"Ilikuwa ya mtoto," alisema. "Iwashe tuone alikuwa anaangalia nini."

Nikaichaji, nikaiunganisha na waifai ya banda. Ikawaka. Gemu ikafunguka, akatokea mpishi mdogo wa kuchora aliyefunga kilemba chekundu, ambaye binti alimchagua awe yeye. Hatukukaa hata kidogo, kikaja kisanduku juu ya kioo. Mtu anamwalika jikoni.

"Nani huyo?" Mwalimu akauliza.

Nikasoma. "Ni mkweo, Mwalimu. Anaita."

Mwalimu alisimama. Nakuambia alisimama wima, akajifunga upya kitenge chake, akageuza uso pembeni kama vile mkwe mwenyewe ameingia bandani. Mimi nikakaa na mashine mkononi sijui nifanye nini. Kisanduku kinapepesa, kinasubiri. Mwisho akasema, uso bado ukiwa ukutani, "Kumwacha mtu anabisha hodi si adabu. Fungua."

Baadaye yule mkwe alinisimulia upande wake, maana tangu siku hiyo nilikuwa mimi ndiye mtu wa tatu. Alikuwa ameketi kitandani na mashine yake, hachezi, anaishika tu. Ghafla jina la mke wake likawaka alama ya kijani, yaani yuko hewani. Alisema alibonyeza kumwita bila kufikiri, mikono ndiyo iliyobonyeza. Na mpishi wa kilemba chekundu alipoingia jikoni, badala ya kukimbilia nyama kama alivyozoea, akaenda moja kwa moja kwenye beseni akaanza kuosha sahani. "Hapo nikajua ni Mama," alisema. "Mke wangu hajawahi kuosha sahani humo hata siku moja."

Basi wakawa wanapika. Mimi nilimfundisha vitufe, na alikuwa mwanafunzi mbishi. Hakukubali kupeleka chakula kwenye sahani aliyoiona mbaya. Hakukubali kumrushia mwenzake nyanya, ingawa gemu inaruhusu na ndiyo njia ya haraka. "Chakula hakirushwi." Lakini kilichowaangusha hasa si hicho. Ni ukwe. Mwalimu hakukubali mpishi wake apite karibu na mpishi wa mkwe wake, yule mwenye masharubu. Kama wa masharubu yuko kwenye jiko la kushoto, yeye anazunguka meza yote kwa kulia. Sahani hakumpa mkononi, aliiweka juu ya kaunta, akarudi nyuma, akangoja achukue. Na yule kijana huko Dar, akaelewa. Naye akawa anajibanza ukutani mpaka mama apite. Fikiria supu inachemka, oda zimejaa, na wapishi wawili wanapishana kwa adabu. Nyota walizipata kwa shida, na walipofika jiko la behewani wakakwama kabisa. Lile ni jiko la ndani ya treni, jembamba, kauchochoro kamoja katikati, huwezi kumpita mwenzako bila kumgusa. Kila siku waliingia humo, kila siku chakula kiliungua, kila siku walirudia.

"Mwalimu, ni katuni," nilimwambia siku moja nikiwa nimechoka. "Si yeye. Msukume tu."

"Nani anamshika yule mwenye masharubu?"

"Mkweo."

"Basi ni yeye."

Akaendelea kucheza kidogo, kisha akaniuliza bila kuinua macho. "Nikiwasha hiki, yeye huko anaona nini?"

Nikamwambia ukweli. Anaona jina la marehemu limewaka kijani. Mwalimu alizima mashine, akaifunga, akaenda zake. Lakini kuanzia hapo alikuwa anaiwasha nyumbani kwake kila jioni, kwa bando la simu yake, saa ileile, hata siku ambazo anajua mkwe yuko kazini hatacheza. Sikumuuliza, na sikuhitaji kuuliza.

Ndiyo maana hizo apdeti zilimtia hofu. Mashine ya mkwe ilijisasisha yenyewe usiku kwa usiku, huko Dar intaneti wanaogea. Hii ya kwetu ilinitegemea mimi, na mimi nilitegemea umeme, bando na minara. Wakati mwingine inashuka nusu, mtandao unakata, inaanza upya. Wakati mwingine inasema imejaa, nafuta takataka ili ipumue. Mwalimu alikaa kwenye kiti cha wateja, kapu mapajani, akiangalia ule mstari unaojaa kutoka kushoto kwenda kulia. Nikimwambia imekamilika, anashusha pumzi. Ni gemu tu, watu walimwambia hivyo, na mimi mwenyewe mwanzoni nilifikiri hivyo. Lakini ilikuwa ndiyo njia pekee iliyobaki ya yeye kumpata yule kijana, na ya jina lile kuwaka mahali mtu mwingine akaliona.

Halafu ikaja apdeti moja kubwa. Niliishusha, ikafika mwisho, na badala ya kufunguka ikataka neno la siri la akaunti. Akaunti ilikuwa ya binti. Nikampigia mkwe, akasema hajui, mke wake alikuwa anaandika mwenyewe huku anaficha kwa mkono, kwa utani. Tukajaribu jina la kanisa, jina la paka wake, jina la shule. Mashine ikachoka na sisi ikasema itatuma namba za uthibitisho kwenye simu ya mwenye akaunti. Ikaonyesha tarakimu mbili za mwisho. Mwalimu alizitambua.

Simu ile ilishazimwa siku nyingi. Na laini isipotumika muda mrefu kampuni huirudisha sokoni, inauzwa kwa mtu mwingine. Nilijua hivyo, lakini nikapiga. Ikaita. Mwalimu alishika ukingo wa meza. Akapokea mwanamume, nyuma yake ng'ombe wanalia, sauti ya huko Igunga.

Nikajieleza vizuri, kwa upole ambao wateja wangu hawaujui. Kuna namba zimeingia kwako sasa hivi, naomba unisomee.

Akacheka. "Dada, mmeshaniliza mara moja. Hamnilizi tena."

Mwalimu akanyoosha mkono, nikampa simu.

"Hujambo, baba."

Kicheko kikamwisha. "Shikamoo, mama."

"Marahaba. Hiyo laini unayotumia ilikuwa ya binti yangu."

"Sawa, mama. Basi mwambie binti mwenyewe anipigie, tutaelewana."

"Amefariki."

Tulisikia ng'ombe tu. Nilidhani amekata. Kisha akasema taratibu, "Pole sana, mama. Pole. Lakini hata wale walionitapeli walianza na msiba." Akakata. Nilipopiga tena, haikuita.

Mimi nilitukana. Naomba radhi, lakini nilitukana, nikatupa bisibisi ukutani. Mwalimu aliokota bisibisi akairudisha mahali pake. "Ana akili huyo," alisema. "Ameambiwa asisome namba kwa mtu, na ameshika. Inaridhisha." Lakini siku hiyo aliondoka bila kitambaa chake.

Niliwaandikia wenye kampuni ya mashine kule kwao, kwa Kiingereza changu cha dukani. Wakajibu kwa adabu nyingi sana kwamba watasaidia, ila kwanza mwenye akaunti athibitishe kwa namba zitakazotumwa kwenye simu yake. Nikaandika kwamba mwenye akaunti amefariki. Wakasema pole, na wakarudia maneno yaleyale. Sijui kama waliokuwa wananijibu walikuwa watu.

Njia moja ilibaki, nikamweleza. "Mwalimu, tufungue akaunti mpya. Jina lako. Utaanza jiko la kwanza, lakini utampata mkweo leoleo."

Alinitazama kama siku ya maandazi. "Jina langu?"

"Ndiyo."

"Huko jikoni yeye anapika na nani?"

"Na wewe."

"Hapana. Anapika na mke wake. Mimi namshikia tu mtoto zamu yake." Akavuta pumzi. "Nikiingia kwa jina langu, nitakuwa mama mkwe niliyejifungia jikoni na mkwe. Uso wangu nitauweka wapi?"

Nilitaka kubishana. Nilitaka kumwambia mbona siku zote ni yeye, mbona alikuwa anamkwepa yule wa masharubu kama angekuwa si yeye. Hayo mawili hayakukaa pamoja, na nadhani alijua. Lakini mtu mwenye huzuni unamshika kwa hesabu? Niliacha. Jumamosi zilizofuata aliendelea kuja. Nilibonyeza, ikaomba namba, nikamwonyesha. "Bado, Mwalimu." "Haya." Alikuwa anakaa bila kutafuta vumbi, na hilo ndilo lililoniuma kuliko yote. Nikaanza kuliacha vumbi makusudi, mezani, lionekane kabisa. Hakuliona.

Ndipo mkwe akanipigia. Anakuja Tabora, ana neno la kumwambia Mama, na hawezi kulisema mwenyewe. Naomba uwepo, alisema, na kwa sauti yake nilijua neno gani.

Alishuka na treni, akaja Mtendeni alasiri. Tukamweka barazani, kiti kimegeuzwa kitazame barabara. Mwalimu akakaa sebuleni, nyuma ya pazia la mlango. Mimi nikasimama kizingitini katikati yao, mguu mmoja ndani, mmoja nje.

"Mwambie Mama," alisema yule kijana, anatazama mikono yake, "nimepata mwenzangu. Tunataka kufunga ndoa baada ya mavuno. Sikutaka asikie kwa watu."

Urefu wa mkono mmoja tu ulitenganisha kiti chake na pazia. Lakini nikageuka, kama ilivyo desturi, nikasema, "Mwalimu, amesema amepata mwenzake, watafunga ndoa baada ya mavuno, hakutaka usikie kwa watu." Sijawahi kubeba maneno mazito vile kwa umbali mfupi vile.

Pazia halikutikisika. Jirani alikuwa anapasua kuni, nikahesabu mapigo ya shoka ili nisilie.

"Mwambie nimesikia," Mwalimu akasema.

"Amesikia."

"Mwulize, huyo binti anajua kupika?"

Nikamwuliza. Akafuta uso kwa kiganja, akatabasamu kidogo. "Mwambie Mama, wastani."

Kule ndani nikasikia kitu, sijui kicheko, sijui nini. Kisha, "Mwulize jiko lake amekuja nalo?"

Alikuwa nalo, kwenye begi. Na hapa ndipo ufundi wangu uliposaidia, mara moja tu. Mashine hizi zikikaa karibukaribu, iliyo nyuma inaweza kuchukua toleo kutoka kwa jirani yake, bila intaneti, bila neno la siri. Nilijua siku zote, lakini ya mkwe ilikuwa Dar, ingefaa nini? Nikaziweka zote mbili juu ya kizingiti, chini ya pazia, moja upande wa ndani, moja upande wa nje. Mstari ukaanza kujaa. Sote watatu tuliuangalia, wao wawili kila mmoja kwa upande wake.

"Msifurahi sana," nikawaambia, maana sikutaka kuwadanganya. "Hii ni ya kucheza mkiwa karibu. Akirudi Dar, itataka zile namba tena, na hazipo."

"Kwa hiyo ni leo tu," alisema Mwalimu.

"Ni leo tu."

Wakaingia jiko la behewani. Hawakuulizana, walikwenda humo wenyewe. Nilikuwa naona vioo vyote viwili. Kilemba chekundu kikaosha sahani, masharubu akakata nyama, oda zikaingia, wakaenda vizuri mpaka ikabidi wapishane. Masharubu akajibanza ukutani angoje. Na kilemba chekundu, siku hiyo, kikasimama. Hakikuzunguka, hakuna pa kuzungukia. Kikasimama upande wake wa uchochoro, na yule akasimama upande wake, na kila mmoja anamngoja mwenzake apite kwanza. Sufuria likaanza kutoa moshi. Muda unakwenda. Nikafungua mdomo niwafikishie neno, lakini nifikishe neno gani, hakuna aliyenipa neno. Moto ukashika kwenye jiko.

"Pita, baba," Mwalimu akasema. Hakuniambia mimi. "Pita, chakula kinaungua."

Yule kijana aliinua kichwa, akaligeukia pazia, kisha akakumbuka akainamisha macho haraka. Miaka yote ile ya ndoa na ya msiba, mama mkwe wake alikuwa hajawahi kumsemesha yeye moja kwa moja. "Asante, Mama," akasema. Akapita. Wakagusana bega mle ndani, wapishi wale wawili, wakayumba kidogo, wakaendelea. Waliuzima moto. Walipata nyota moja, ya kwanza katika jiko lile.

"Inaridhisha," ilisema sauti ya ndani.

Nilimpelekea mkwe matobolwa barazani. Alikula yote, hakubakisha, na mimi najua yalivyokuwa. Asubuhi akaondoka.

Waliooana wameshaoana. Nilipeleka salamu za Mwalimu na seti ya mifuniko ya sufuria. Baada ya hapo Jumamosi moja hakuja bandani, nikafunga mapema nikaenda Mtendeni kumwona. Nilimkuta sebuleni amekaa karibu na dirisha, mashine mkononi. Tangu siku ile ya kizingitini ilikuwa inafunguka, ila haiendi mtandaoni, na kwa mtu aliye peke yake gemu ile inampa wapishi wawili, unamsogeza mmoja, unamwacha, unamsogeza mwingine. Alikuwa amemchagua wa kilemba chekundu na wa masharubu, anawapikisha. Polepole sana, maana mmoja akitembea mwenzake amesimama kama amesahauliwa.

"Niangalizie kama wamebadilisha mtaala," alisema.

Nikabonyeza. Ikaomba namba. "Bado, Mwalimu."

"Haya. Kaa."

Nikakaa. Walikuwa behewani. Nikaona anamleta wa kilemba chekundu kwenye uchochoro, wa masharubu yuko palepale katikati, na hakumzungusha wala hakumbanza ukutani. Alimpitisha tu, wakagongana, akamrudisha, wakagongana tena.

"Mwalimu," nikasema, "leo hawakwepani?"

Hakuinua macho kwenye kioo. "Hawa ni mtu na mke wake," alisema. "Wakwepane kwa nini?"